Tunapomcheka Mwalimu, Tunamcheka Nani?

Na mama muuguzi, Ibighi, Tukuyu

Leo nataka kuwasimulia jambo lililonipata mwezi wa Aprili 2024, ambalo mpaka sasa nikilikumbuka nasikia aibu, ingawa yule niliyemkosea alikwisha kunisamehe.

Mwezi ule nchi nzima ilikuwa katika kazi ya kuwachanja wasichana wa miaka 9 hadi 14 ili kuwakinga na virusi vya HPV, vinavyoleta saratani ya mlango wa kizazi. Wauguzi tuligawanywa, tukaenda mashuleni na vibebeo vyetu vya chanjo begani. Mojawapo ya shule nilizopangiwa ilikuwa ile anayosoma mwanangu wa mwisho, wakati huo akiwa darasa la sita. Ni shule ya serikali, ya kawaida kabisa, yenye bati lililoanza kuota kutu na madarasa yasiyo na dari. Ninyi mnaoishi huku kwetu Rungwe mnaijua mvua ya Aprili. Ikianza kupiga juu ya bati namna ile, mwalimu anaweza kupasua koo na bado sauti yake isifike dawati la pili.

Siku ile mvua ilikuwa imetulia kidogo. Nilisimama barazani pamoja na mwalimu wa darasa la mwanangu, tukihakiki majina ya wasichana kwenye daftari la mahudhurio. Ghafla tukasikia kicheko kikubwa kutoka darasani. Dirisha halina kioo, hivyo tulichungulia wote wawili bila shida. Mbele ya ubao alisimama mwanangu. Amejifunga sweta kiunoni kama kitenge, mkono mmoja ameshika kijiti, mkono wa pili ameshika kasha tupu, naye anapaza sauti nyembamba ya kike: "Asiyenunua andazi hajui hesabu! Mia mbili, mia mbili! Jibu sahihi ni mia mbili!" Watoto zaidi ya tisini walikuwa wakigongagonga madawati kwa furaha.

Yule mwalimu aliyesimama kando yangu huuza maandazi wakati wa mapumziko. Kila mtu pale anajua.

Nilitaka ardhi inimeze. Nikafanya kama kuingia ndani nimkamate mtoto sikio, lakini mwalimu akanishika mkono. Akafunga daftari lake taratibu, akasema, "Mwache, mama. Hata mimi niliiona ile komedi Jumapili. Nilicheka mwenyewe." Kisha akaingia darasani, na mwanangu alipomwona akavua sweta haraka kama mtu aliyeungua.

KICHEKO KILITOKA NYUMBANI KWANGU

Ningeweza kumlaumu mtoto, au watoto wa siku hizi kwa jumla, kama tunavyopenda kufanya tukikutana baada ya ibada. Lakini nilijua fika alikokitoa kichekesho kile. Jumapili iliyotangulia tulikaa sebuleni, baba yao, watoto na mimi, tukitazama televisheni. Sitataja kilikuwa kipindi gani, maana kwa kweli vinafanana. Mwalimu wa shule ya msingi anatokea amevaa koti lililochanika kwapa, Kiingereza chake kinapinda kila neno, anasinzia mezani, anaamka kuuliza nani hajanunua ubuyu wake, na mwisho wa mwezi anatoroka kwa mlango wa nyuma kuwahi foleni ya mshahara. Mimi nilicheka mpaka machozi yakanitoka. Na katika kucheka huko nikanyoosha kidole kwenye kioo nikasema kwa sauti, "Tazameni, si mwalimu wenu huyo!"

Kwa hiyo mwanangu alichokifanya darasani ni kupeleka shuleni maneno ya mama yake.

Usiku ule sikupata usingizi mzuri. Nilijiuliza ni kitu gani hasa kilichonichekesha. Koti lililochanika? Lile halikuchanwa na uvivu wa mwalimu. Kusinzia? Hicho ni kosa, na mwalimu anayelala kazini anastahili kuchekwa na hata zaidi ya kuchekwa. Maandazi? Hapo ndipo nilipokwama, na ndipo nilipoanza kulifikiria jambo hili kwa undani.

MAJINA TULIYOWAPA

Mimi nilikulia enzi za redio. Televisheni haikuwapo Tanzania Bara mpaka mwaka 1994, na huku Tukuyu ilichukua miaka mingi zaidi kufika kwenye nyumba za watu wa kawaida. Vichekesho vyetu vilikuwa Pwagu na Pwaguzi wa Redio Tanzania, wale wajanja wawili ambao kila wiki ujanja wao uliwarudia wenyewe. Baadaye lilikuja kundi la Ze Comedy pale EATV, ambalo mwaka 2008 lilihamia TBC1 likaitwa Orijino Komedi, na nchi nzima ikakaa mbele ya kioo kumwangalia Joti na Masanja. Jirani zetu Wakenya walimpata Teacher Wanjiku, mwalimu wa kijijini mwenye lafudhi nzito ya Kikuyu, katika jukwaa la Churchill. Waganda nao wana Teacher Mpamire. Ukitazama vizuri utaona kwamba Afrika Mashariki nzima mwalimu ni malighafi ya komedi. Sababu iko wazi: ni mtu ambaye kila mtazamaji amewahi kukaa mbele yake. Wachache wetu tumewahi kumwona balozi au rubani kwa karibu, lakini mwalimu tunajua hata anavyokohoa.

Na hata kabla ya televisheni, kicheko kilikuwapo. Serikali ilipoamua Musoma mwaka 1974 kwamba kila mtoto aanze shule, walimu hawakutosha hata kidogo. Makumi ya maelfu ya vijana waliomaliza darasa la saba walichukuliwa, wakafundishwa ualimu huku wakifundisha, wakijisomea kwa masomo ya posta na redio. Sisi tukawapa jina: "walimu wa UPE." Mpaka leo mtu akikosea hesabu utasikia akiambiwa kwamba alifundishwa na mwalimu wa UPE. Basi niseme wazi hapa: mimi nilifundishwa kusoma na mwalimu wa UPE. Kila kipimo cha dawa ninachokisoma wodini, msingi wake uliwekwa na mama yule aliyekuwa na elimu ya darasa la saba na kanga moja ya kazini.

Zilipojengwa shule za sekondari za kata kwa wingi miaka ya 2000, vijana wa kidato cha sita walipewa mafunzo ya wiki chache wakapelekwa madarasani. Tukawaita "Voda Fasta," kama vocha ya simu. Na shule za msingi za serikali tukazibatiza jina la mtakatifu ambaye hayumo katika orodha yoyote ya kanisa: Mtakatifu Kayumba. Ukiulizwa mwanao anasoma wapi, unajibu "St. Kayumba" huku ukicheka kabla mwenzako hajakucheka.

Tuliotoa majina hayo ni wazazi wenyewe. Lakini tazameni jambo moja. Hatukumtungia jina yule aliyepanga kumpeleka kijana darasani bila mafunzo ya kutosha. Jina tulimpa kijana.

ROBO YA ANDAZI

Sasa turudi kwenye maandazi. Katika mpango wa MMEM ulioanza mwaka 2002, na tena katika elimu bila malipo iliyoanza Januari 2016, kiwango cha ruzuku ya uendeshaji kwa mwanafunzi wa shule ya msingi kiliwekwa kuwa shilingi 10,000 kwa mwaka. Katika hizo, 4,000 zilizuiwa juu kwa ajili ya vitabu, na 6,000 zikapangwa kwenda shuleni kwa chaki, karatasi, mitihani, ukarabati na mengineyo. Mwaka wa masomo una siku 194. Nilichukua kalamu nikagawa elfu kumi yote nzima: inakuja kama shilingi 51 kwa siku kwa mtoto mmoja.

Andazi moja la yule mwalimu ni shilingi 200.

Kwa maneno mengine, yote tuliyomtengea mtoto kwa siku, mbali na mshahara wa mwalimu, hayakufikia andazi moja. Ni robo yake, na siku hizo vumbi la chaki unalipata bure. Ukitaka kichekesho cha kweli, mimi naona hiki kinatosha, lakini sijakiona kwenye televisheni.

Sitetei biashara ya kuwalazimisha watoto. Nimeona mwalimu anayemnyima mtoto mapumziko kwa kuwa hakununua visheti vyake, na huo ni uonevu, mzazi anayo haki ya kwenda kwa mwalimu mkuu. Lakini huyu wa mwanangu halazimishi mtu. Sehemu ya pesa inalipa mkopo alioezekea nyumba, kama watumishi wengi tunavyodaiwa. Sehemu nyingine, nilikuja kuigundua siku ile ile ya chanjo, pale msichana mmoja wa darasa lake alipopatwa na hedhi bila kujiandaa. Mwalimu alifungua kabati, akatoa pedi kutoka kwenye kasha lililokuwa kando ya kalamu za ziada. Nikamwuliza ni za mradi gani. Akacheka, akasema, "Mradi wa unga na hamira."

MATANGAZO YALIYOFUNGIWA

Huenda baadhi yenu mnakumbuka matangazo ya HakiElimu ya katikati ya miaka ya 2000. Yalikuwa maigizo mafupi sana, redioni na kwenye televisheni, yakionyesha darasa lililofurika, watoto wasio na vitabu, mwalimu asiye na nyumba. Yalichekesha kidogo na kuuma sana. Tofauti na vichekesho vingine ilikuwa moja: hayakumwachia mwalimu mzigo wote. Yalikuuliza wewe mtazamaji, na yaliwauliza wakubwa, fedha zilizoahidiwa ziko wapi.

Mwezi Septemba 2005 Wizara ya Elimu ililipiga marufuku shirika hilo kufanya na kuchapisha tafiti zake kuhusu shule za nchi yetu. Sababu iliyotolewa ni kwamba liliidhalilisha elimu yetu na kazi ya ualimu. Mvutano ulikwenda hadi mwaka 2007, baada ya mazungumzo na Waziri Mkuu wa wakati huo, Edward Lowassa.

Mimi si mtu wa siasa, lakini jambo hili linanishangaza kila ninapolikumbuka. Tumecheka miaka yote koti la mwalimu lililochanika, na hakuna aliyesema kwamba ualimu unadhalilishwa. Alipotokea mtu wa kuuliza nani alilichana, hapo ndipo heshima ya ualimu ikakumbukwa.

SHULE YA ABBOTT

Binti yangu mkubwa anasomea ualimu, na alipokuja likizo nikamsimulia habari ya mdogo wake. Hakunipa pole. Alifungua kompyuta yake ndogo akasema, "Mama, kaa hapa utazame walimu wenzangu wa Marekani."

Kipindi chenyewe kinaitwa Abbott Elementary. Kilianza kuonyeshwa Desemba 2021 katika kituo cha ABC, na kinahusu shule ya msingi ya serikali katika mji wa Philadelphia, shule ya kutungwa lakini yenye matatizo ya kweli: taa za ukumbini zinazomumunya, vitabu vya zamani, fedha ambazo hazifiki. Mimi nilidhani Marekani shule zote zina zulia na viyoyozi. Katika sehemu ya kwanza kabisa mwalimu kijana anayeitwa Janine anahangaika kupata zulia jipya, kwa sababu la zamani limechakaa na mtoto amelikojolea. Fedha kidogo zinapatikana, na mwalimu mkuu anazitumia kutengeneza bango jipya la shule lenye sura yake mwenyewe. Nilipiga kofi nikasema huyu mwalimu mkuu namfahamu!

Mle ndani walimu wana kasoro. Mmoja anajipendekeza mno, mwingine anajifanya mjuaji, Janine mwenyewe anataka kutengeneza taa na kuishia kuharibu umeme. Tunawacheka, na tunawacheka sana. Lakini hatujawahi kumcheka mmoja wao kwa kuwa ni maskini. Ukimaliza kucheka unabaki umemkasirikia aliyenunua bango.

Mtunzi wake, Quinta Brunson, ambaye ndiye anayeigiza kama Janine, ni mtoto wa mwalimu. Mama yake alifundisha watoto wadogo katika shule za serikali za Philadelphia kwa miaka mingi, na jina Abbott ni la mwalimu aliyemfundisha yeye darasa la sita. Amesimulia kwamba wazo la kipindi lilimjia siku moja alipomtembelea mama yake jioni ya kukutana na wazazi. Mama alikaa akisubiri mpaka saa mbili usiku. Wanakaribia kuondoka, ndipo mzazi mmoja akaingia mbio. Quinta alimkasirikia yule mzazi. Mama yake hakukasirika, alirudi akaketi akamsikiliza.

Nilipoambiwa habari hiyo nilinyamaza. Nilikuwa na miaka mitatu sijahudhuria kikao cha wazazi katika shule ya mwanangu. Zamu ya usiku, kwaya, shamba, wagonjwa. Sababu zilikuwapo daima.

Kuna mwalimu mmoja mtu mzima katika kipindi hicho anayeitwa Barbara, mama wa kanisa kama sisi, anayetulia hata nyumba ikiwaka moto. Aliyemwigiza, Sheryl Lee Ralph, alipata tuzo ya Emmy mwaka 2022. Katika sehemu mojawapo walimu wanarekodi video za kuomba watu wawasaidie kununua vifaa. Barbara anakataa kuwa mmoja wao. Hataki watoto wake wajione kwamba wamepungukiwa, maana mpaka hapo hawajui kama wao ni maskini. Binti yangu alimsifu. Mimi nilimsifu nusu. Ni kweli kwamba mtoto akiambiwa kila siku kuwa shule yake ni duni, na yeye mwenyewe atajiona duni. Lakini mwalimu akificha upungufu kwa miaka thelathini, nani atajua kwamba upo? Huko huko Pennsylvania, Februari 2023, mahakama ilitoa hukumu kwamba namna jimbo lilivyogawa fedha za shule ilivunja katiba yake, kwa kuwa watoto wa maeneo maskini walipata pungufu. Hukumu hiyo ilipatikana kwa kuwa watu walikwenda mahakamani wakasema wazi kwamba wamepungukiwa.

Namkumbuka pia Bruda Peter Tabichi, Mfransisko wa Kenya aliyefundisha sayansi katika shule ya sekondari ya Keriko, Nakuru, na mwaka 2019 akapata tuzo ya mwalimu bora wa dunia yenye dola milioni moja. Alisifiwa kwa kutoa sehemu kubwa ya mshahara wake kuwasaidia watu. Tulimpigia makofi, naye alistahili. Ila mtawa hana watoto wa kulisha. Yule wa kwetu anayeuza maandazi anao wanne.

Jambo moja zaidi kuhusu Abbott kisha niendelee. Brunson alieleza mwaka 2022 kwamba sehemu ya fedha za kukitangaza kipindi waliamua kuwanunulia walimu vifaa vya darasani. Wachekeshaji wetu wanatembea nchi nzima wakijaza kumbi. Sisemi zaidi.

NA MUUGUZI NAYE

Labda mtasema ninamwonea huruma mwalimu kwa sababu sijawahi kuchekwa mimi. La hasha! Muuguzi wa kwenye komedi mnamfahamu: anatafuna bigijii, anachati na simu, anamfokea mama mwenye uchungu. Nikimwona nachukia. Kisha nakumbuka usiku fulani wa mwaka fulani, tukiwa wawili katika wodi iliyohitaji sita, nilivyomjibu mama mmoja, na sichukii tena. Muuguzi yule wa komedi ameninyoosha. Kwa hiyo siwezi kusema vichekesho vifungwe. Anayefokea afokewe, anayelewa kazini achekwe, anayechapa mtoto mpaka alama zibaki apelekwe mahali panapostahili. Ila ukinicheka kwa kuvaa glavu ambazo mgonjwa ilibidi anunue mwenyewe, hapo umenionea.

NILIVYOKWENDA KUOMBA RADHI

Jumamosi iliyofuata nilichukua mkungu wa ndizi na lita mbili za maziwa, nikamwambia mwanangu ajifunge kanzu yake ya aibu tuondoke. Njiani hakusema neno. Tulipofika, yeye aliomba msamaha kwanza, kwa sauti ya chini. Kisha mimi nikamwambia mwalimu ukweli wote: kwamba maneno yalikuwa yangu, na kidole kilichonyooshwa kwenye kioo kilikuwa changu. Mtoto alinitazama kwa mshangao. Hajawahi kuniona nikiomba radhi kwa mtu mbele yake, na hilo nalo lilinifanya nifikiri.

Mwalimu alipokea ndizi, akasema "Ndaga fijo, mama," akacheka. Halafu akamgeukia mwanangu. "Wewe una kipaji," akamwambia. "Lakini umeigiza kitu ambacho kila mtu anakiona. Niigizie kitabu kimoja cha sayansi na wanafunzi wanane. Kikao cha wazazi kiko mwezi ujao."

Naam, waliandaa igizo. Niliomba kubadilishiwa zamu nikaenda. Katika darasa lenye watoto zaidi ya tisini tulifika wazazi kumi na tisa, karibu wote akina mama. Watoto wanane walisimama kwenye mstari na kitabu kimoja. Kila mmoja anasoma neno moja anampa mwenzake, wa mwisho akifika kwenye nukta anashangilia kwamba amesoma kitabu chote. Mmoja akauliza swali, wenzake wakamwambia subiri, jibu liko kwa mtoto wa tano. Tulicheka mpaka mbavu zikauma.

Lakini mjumbe mmoja wa wazazi hakucheka. Alisimama akasema igizo limeiaibisha shule, na kwamba watoto wasifundishwe kuanika mambo ya ndani. Mwalimu mkuu aliinama akitazama karatasi zake. Palikuwa kimya. Mimi ni mwoga wa kusema mbele za watu, hata kanisani napenda kazi za jikoni kuliko za mimbari. Nilisimama hivyo hivyo nikiwa natetemeka, nikasema kwamba kama ni aibu basi ni yetu, na nikauliza vitabu vya darasa la sita viliombwa lini na jibu lilikuja lini. Mjadala ulikuwa mrefu na mwingine haukuwa mtamu. Iliandikwa kwenye kumbukumbu za kikao kwamba barua iandikwe tena halmashauri, na wazazi wawili waifuatilie. Mimi ni mmoja wao. Mpaka ninapoandika haya tumekwenda mara tatu. Mara ya tatu tulipewa kiti.

Jioni nyumbani binti yangu alikuwa akimfasiria mdogo wake Abbott, mvua ikinyesha juu ya bati letu. Mtoto akauliza, "Na huko kwao mvua ikinyesha, mwalimu wao anafanyaje?" Dada yake akasema huko kuna dari, mvua haisikiki. Mtoto akashangaa. "Sisi wetu ananyamaza tu," akasema, "halafu anafundisha hivi." Akasimama katikati ya sebule, akanyoosha vidole saba mkono juu ya mkono, akavizungusha kuonyesha mara, akanyoosha sita, akatugeukia huku ameinua nyusi, akisubiri jibu. Alikuwa ni yule mwalimu kabisa, mabega, shingo na yote. Baba yake alinyoosha vidole vinne kisha viwili. Mtoto akampigia makofi bila sauti, kama mwalimu wake anavyofanya, na sote tukacheka.